Maji Meupe na Maji Matupu

Masomo ya watu wazima kwa njia ya redio. Mfululizo wa Sayansi ya Nyumbani: somo la sita.

Natumaini mmekwisha kukaa, na wale wanaosoma jioni taa yao inatosha. Maneno haya yatapigwa chapa kama kawaida yetu, ili aliyekosa kusikia apate kusoma, na aliyesikia apate kujizoeza kusoma.

Bwana mwalimu au bibi mwalimu wa darasa, juma lililopita niliomba mweke mezani vitu vichache: bilauri tatu, chumvi ya kupikia, udongo kidogo, kipande cha kitambaa safi, sufuria yenye kifuniko, na jiko lenye moto mdogo. Kama bilauri hazipo, makopo ya kioo yatafaa, maadamu mtu aweze kuona ndani.

Haya, tuanze. Katika bilauri ya kwanza tieni maji na kijiko kimoja cha udongo, mkoroge. Katika ya pili tieni maji na kijiko kimoja cha chumvi, mkoroge mpaka chumvi isionekane. Katika ya tatu tieni maji ya kunywa kama yalivyo, msiongeze kitu. Nitanyamaza kidogo ili mfanye kazi hiyo.

Tayari? Sasa tazameni. Bilauri ya kwanza imechafuka, na hakuna asiyeona. Lakini bilauri ya pili na ya tatu ni sawasawa. Mtu akiingia mlangoni sasa hivi, akaulizwa ipi yenye chumvi, atabahatisha tu. Zote mbili ni maji meupe. Somo letu la leo liko hapo hapo, kati ya bilauri hizo mbili. Nalo si somo la mchezo, maana wako watu waliopata vilema vya maisha kwa kunywa maji meupe ambayo hayakuwa maji matupu. Nitafika huko.

Kwanza tujue neno la leo: mchanganyiko. Mchanganyiko ni vitu viwili au zaidi vilivyokaa pamoja, na kila kimoja kimebaki na tabia yake. Mchele wenye mawe ni mchanganyiko. Makande ni mchanganyiko. Na hapa lazima niwape heshima yao akina mama, maana kazi ya kutenganisha michanganyiko wameifanya tangu kabla ya kuwako vitabu vya kemia. Mchele una mawe: mtu huuchambua. Nafaka ina makapi: huipepeta kwa ungo. Unga una chenga: huuchekecha. Nazi imekunwa: huitia maji, huikamua kwa kifumbu, tui likatoka na machicha yakabaki.

Sasa nawauliza: kwa nini kupepeta kunafaa kwa makapi, lakini hakufai kwa mawe madogo? Kwa sababu kapi ni jepesi, upepo hulichukua, na jiwe halichukuliki. Na kwa nini kuchekecha kunafaa kwa chenga? Kwa sababu chenga ni kubwa kuliko tundu la chekecheo. Yaani kila mara twatafuta tabia moja ambayo kitu hiki kinayo na mwenzake hana, na kwa tabia hiyo twavitenganisha. Mtaalamu wa kemia mwenye vyombo vya thamani hana siri nyingine zaidi ya hiyo. Naomba mwishike, maana tutaitumia mpaka mwisho wa somo.

Turudi kwenye bilauri ya kwanza. Kama mmeiacha bila kuitikisa, mtaona udongo umeanza kushuka chini. Udongo ni mzito kuliko maji, basi hutuama. Mchanga hutuama upesi, lakini udongo wa mfinyanzi ni punje ndogo mno, waweza kuelea siku nzima. Ndiyo maana watu wa zamani walitafuta njia ya kuuharakisha. Wengine hutumia shabu. Wengine hutwanga mbegu za mlonge, huzikoroga katika maji machafu, na zile punje za udongo hushikana zikawa mabonge, mabonge yakawa mazito, yakashuka. Ni akili njema kabisa. Kisha maji ya juu hupitishwa katika kitambaa.

Fanyeni hivyo hivyo sasa: mimineni maji ya bilauri ya kwanza polepole katika kitambaa. Msiyaonje. Udongo mwingi umebaki kwenye kitambaa, kwa sababu punje zake ni kubwa kuliko matundu ya nguo.

Sasa safisheni kitambaa vizuri, kisha mpitishe maji ya bilauri ya pili, yale ya chumvi. Mmoja wenu atie kidole, aonje. Je, chumvi imebaki kwenye kitambaa?

Haikubaki. Imepita pamoja na maji. Mkikunja kitambaa mara nne, itapita. Mkikikunja mara kumi, itapita. Mkiyaacha maji usiku kucha, chumvi haitatuama chini. Maana chumvi imeyeyuka: imegawanyika vipande vidogo sana, visivyoonekana hata kwa hadubini, navyo vimesambaa kati ya vipande vya maji sawasawa kila mahali. Tone la juu lina chumvi sawa na tone la chini. Mchanganyiko wa namna hii huitwa myeyusho. Maji ya sukari ni myeyusho. Maji ya bahari ni myeyusho. Kila lita moja ina kama gramu 35 za chumvi za namna mbalimbali.

Basi mpaka sasa tunazo namna mbili: mchanganyiko ambao jicho hutambua vitu vyake mbalimbali, na myeyusho ambao jicho huona kitu kimoja tu. Katikati yake ziko namna zenye kudanganya. Maziwa yaonekana kitu kimoja, na tui vile vile. Lakini yaacheni katika bakuli, na baada ya saa chache mafuta huja juu. Yale yalikuwa matone madogo ya mafuta yaliyoelea ndani ya maji. Mfugaji anayesukasuka maziwa katika kibuyu huyagonganisha matone hayo mpaka yashikane yawe siagi.

Wala msidhani kwamba myeyusho lazima uwe maji. Hewa tunayovuta ni mchanganyiko wa gesi: katika kila sehemu 100 za hewa kavu, kama 78 ni naitrojeni, kama 21 ni oksijeni, na iliyobaki ni gesi nyingine. Hata herini ya dhahabu huenda ikawa mchanganyiko. Sonara akisema dhahabu hii ni karati 24, maana yake ni dhahabu tupu. Akisema karati 18, maana yake ni sehemu 18 za dhahabu katika sehemu 24, na sehemu sita ni madini mengine, kama shaba au fedha, yaliyoyeyushwa pamoja nayo. Herini ni ngumu na yang'aa vizuri, ila bei isiwe ya karati 24. Hilo tumwachie mnunuzi.

Basi, kitu kisichochanganyika ni kipi? Sisi tutakiita kitu halisi. Kitu halisi ni kile ambacho ni chenyewe tu, tangu juu mpaka chini. Vitu halisi ni vya namna mbili. Namna ya kwanza ni elementi, kama shaba tupu, chuma tupu, oksijeni. Elementi haigawanyiki kuwa vitu vingine kwa njia za kemia. Namna ya pili ni msombo, ambao wengine huuita kampaundi. Msombo umetokana na elementi mbili au zaidi zilizoungana.

Hapa wanafunzi wengi hukwama, basi twende polepole. Maji ni msombo wa haidrojeni na oksijeni. Mtu huuliza, “Bwana, kama maji yametokana na vitu viwili, si mchanganyiko basi?” Swali zuri. Fikirini uji. Mpishi akitaka uji mzito, huongeza unga. Akitaka mwepesi, huongeza maji. Wote ni uji. Mchanganyiko hauna kipimo kimoja. Lakini maji hayana mazito na mepesi ya namna hiyo. Katika kila gramu 9 za maji, gramu 1 ni haidrojeni na gramu 8 ni oksijeni, kama ni maji ya kisima cha Dodoma au maji ya barafu ya Kilimanjaro. Mtu hawezi kuyapunguzia oksijeni kidogo yakabaki maji.

Tena, katika mchanganyiko kila kitu hubaki na tabia yake, bali katika msombo tabia hupotea. Haidrojeni ni gesi inayowaka moto. Oksijeni ni gesi inayosaidia moto kuwaka. Zikiungana, tunapata maji, na maji twazimia moto! Hali kadhalika chumvi ya mezani. Ni msombo wa sodiamu, ambayo ni madini laini yanayolipuka yakitiwa majini, na klorini, gesi ya sumu iliyoua askari katika Vita Kuu ya Kwanza. Zimeungana, na sisi twatia katika mboga.

Haya, tuipumzishe kemia ya vitabuni, turudi jikoni. Bado tuna maji ya chumvi, na kitambaa kimeshindwa. Tufanye nini? Tukumbuke ile siri yetu: tutafute tabia moja ambayo maji yanayo na chumvi haina. Nani ataisema?

Naam, maji hugeuka mvuke, na chumvi haigeuki kwa moto wa jikoni. Tieni maji ya chumvi kidogo katika sufuria, yasizidi robo ya kina chake, ili yasirukie kifuniko. Funikeni, mtie moto mdogo. Yakianza kutoa mvuke, mwalimu ainue kifuniko kwa kitambaa, ajihadhari mvuke usimchome. Chini ya kifuniko mtaona matone. Yaacheni yapoe, kisha mwonje.

Hayana chumvi. Yale ni maji yaliyoruka kama mvuke, yakapoa kwenye kifuniko, yakawa maji tena, na chumvi ikabaki chini. Kazi hiyo huitwa kukeneka. Maji ya betri ambayo fundi huongeza katika betri ya gari ni maji ya namna hiyo yaliyotolewa chumvi zake, maana chumvi huharibu betri. (Yasinywewe lakini, vyombo vyake si vya chakula.) Na kama mkiendelea kuchemsha mpaka maji yaishe, mtaikuta chumvi yenu imekauka kwenye sufuria.

Watu wa mashamba ya chumvi huko Bagamoyo na Lindi hufanya hivyo hivyo, ila jiko lao ni jua. Huingiza maji ya bahari katika majaruba, maji huruka, chumvi hubaki. Tena hujua jambo moja zuri: chumvi ya kula huganda kwanza, na chumvi nyingine zilizo chungu huchelewa. Basi hukusanya chumvi, na yale maji machungu ya mwisho huyamwaga. Chumvi ambayo haikutenganishwa vizuri na maji hayo ndiyo ile inayolowa ndani ya kopo wakati wa mvua. Huko Uvinza, Kigoma, watu walichemsha maji ya chemchemi za chumvi kwa miaka mingi sana, kwa kuni badala ya jua.

Mtengeneza chumvi hutaka kile kinachobaki. Sisi tunywao maji, mara nyingine twataka kile kinachoruka. Na sasa nimefika mahali nilipowaahidi.

Kwa kuwa hii ni redio, hamnioni meno. Meno yangu ya mbele yana rangi ya kahawia, yana na vishimo vidogo. Nilizaliwa kusini mwa Mlima Meru, na watoto wengi tuliocheza pamoja walikuwa na meno kama yangu. Nilipokwenda shule ya mbali, wenzangu waliniambia kwamba sipigi mswaki. Nikasugua kwa mkaa, nikasugua kwa mchanga mpaka ufizi ukatoka damu. Rangi haikutoka. Nikajifunza kucheka nikiwa nimeziba mdomo, na mpaka leo mkono wangu hupanda wenyewe.

Mama yangu alikuwa mtu wa usafi. Aliyachuja maji kwa kanga kuukuu, akayachemsha kila jioni, akayafunika katika mtungi. Maji yetu yalikuwa meupe, baridi, matamu. Walakini ndani yake mlikuwa na floraidi.

Floraidi hutoka katika mawe. Katika Bonde la Ufa, tangu Ethiopia kupita Kenya mpaka Tanzania, iko milima mingi ya volkeno, na mawe yake yana floraidi nyingi. Maji yakipita katika mawe hayo huiyeyusha kidogo kidogo. Chini ya Mlima Meru uko mji mdogo uitwao Maji ya Chai, pamoja na mto wenye jina hilo, uliopewa jina kwa rangi yake. Maji ya sehemu hizo yajulikana kuwa na floraidi nyingi. Lakini msije mkadhani rangi ndiyo floraidi, mkasema, “Ya kwetu ni meupe, tumeokoka.” Floraidi iliyoyeyuka katika maji ya kunywa haina rangi, haina harufu, haina ladha ya kumwonya mtu. Visima viwili vya kijiji kimoja vyaweza kuwa mbalimbali kabisa, kimoja chema na kimoja kibaya.

Floraidi kidogo si adui. Hulinda meno yasioze, ndiyo maana hutiwa katika dawa ya meno. Ubaya ni kuzidi kipimo. Shirika la Afya Duniani lasema maji ya kunywa yasizidi miligramu 1.5 katika lita moja. Miligramu moja ni gramu moja iliyogawanywa mafungu 1,000. Hata ulimi wa mpishi bingwa hauwezi kuonja kitu hicho.

Mtoto akinywa floraidi nyingi tangu kuzaliwa mpaka umri wa miaka kama minane, wakati meno yake ya ukubwani yanaumbika ndani ya ufizi, meno hayo hutoka na mabaka. Yakisha kutoka, hakuna mswaki utakaoyarudisha. Ndiyo maana kazi yangu ya mkaa na mchanga ilikuwa bure: doa halikuwa juu ya jino, lilikuwa ndani yake. Na floraidi ikizidi sana, kwa miaka mingi, huingia katika mifupa. Shingo na mgongo hukakamaa, viungo huuma, na watoto wengine miguu yao hupinda. Nimewaona wazee wasioweza kugeuza shingo bila kugeuza mwili wote.

Sasa tulitazame lile la mama yangu, maana naamini wengi wenu mwafanya kama yeye. Alichuja: floraidi ikapita kwenye kanga kama chumvi ilivyopita kwenye kitambaa chenu. Alichemsha: vijidudu vya kuhara na homa ya matumbo vikafa, na kwa hilo alituokoa, wala nisisikie mtu akiacha kuchemsha maji kwa sababu ya somo hili! Lakini floraidi haifi, kwa kuwa haikuwa hai. Wala hairuki na mvuke. Maji yaliporuka, yaliyobaki sufuriani yalikuwa na floraidi ile ile katika maji machache zaidi. Kuchemsha hakupunguzi floraidi. Huizidisha nguvu kidogo.

Jingine ni magadi. Makande yakipikwa kwa magadi huiva upesi, kila mtu ajua. Lakini magadi yaokotwayo kandokando ya maziwa ya Bonde la Ufa si kitu halisi. Ni mchanganyiko, na mengine yana floraidi nyingi. Kwa mtoto mdogo ni heri maharagwe yalowekwe usiku kucha yapikwe bila magadi.

Basi tufanye nini? Twende tena kwa siri yetu.

Tabia ya kwanza twaijua: maji huruka, floraidi hubaki. Lakini kukeneka maji ya jamaa nzima kwa kuni ni kumaliza msitu. Bahati njema, iko kazi hiyo inayofanyika kila mwaka bila kuni. Jua hulipiga bahari, maji huruka, chumvi hubaki, mvuke hupoa juu, mvua hunyesha. Mvua ni maji yaliyokenekwa. Mwenye bati juu ya nyumba ana mtambo tayari. Amekosa mfereji na tangi tu. Mvua ya kwanza iachwe ioshe vumbi na mavi ya ndege, kisha maji yakingwe, tangi lifunikwe, na maji ya kunywa yachemshwe kama kawaida.

Na kama mvua haitoshi mwaka mzima? Hapa nataka mchukue kalamu. Tuseme maji ya kisima chenu yamepimwa, yakaonekana yana miligramu 4 katika lita. Mkichanganya ndoo moja ya kisima na ndoo mbili za mvua, floraidi ile ile sasa imeenea katika ndoo tatu. Nne gawanya kwa tatu ni kama 1.3. Mmeshuka chini ya 1.5. Huo nao ni mchanganyiko, lakini ni mchanganyiko tuliopanga wenyewe. Sasa jaribuni hesabu hii: kisima kina miligramu 12, ndoo moja yataka ndoo ngapi za mvua? Mtaona ni saba, ili ziwe nane kwa jumla. Hapo ni afadhali maji ya mvua yawe ya kunywa na kupikia, na ya kisima yawe ya kufua. Kama mvua ni chache, wa kwanza kupewa ni mama mwenye mimba na mtoto mdogo.

Tabia ya pili ni ya ajabu, nami naipenda kuliko zote. Kwa nini floraidi huharibu meno na mifupa, isiharibu kucha au nywele kwanza? Kwa sababu hushikana na kitu kinachojenga mfupa na jino. Hiyo ndiyo tabia yake. Wataalamu wakasema: vema, kama yapenda mfupa, na ipewe mfupa mwingine kabla haijafika kwa mtoto. Basi huchukua mifupa ya wanyama, huichoma katika tanuri lenye hewa kidogo mpaka iwe myeusi kama mkaa, huiponda chenga, huijaza katika ndoo au pipa. Maji hupita polepole kati ya chenga hizo, na floraidi hushikwa njiani. Huko Ngurdoto, karibu na Arusha, kiko kituo cha serikali cha utafiti wa kuondoa floraidi, na njia hii ya mkaa wa mifupa imeshughulikiwa hapo.

Lakini sikilizeni vizuri. Mkaa huo wa mifupa hauna kazi sawa na kitambaa. Kitambaa kikijaa, maji hukataa kupita, nawe utajua. Mifupa ikishiba floraidi, maji huendelea kupita vile vile, meupe, matamu, na floraidi yote ndani. Hakuna dalili. Lazima maji yapimwe mara kwa mara, na mifupa ibadilishwe. Tena mifupa isiyochomwa vizuri huleta harufu mbaya, basi msichome kiholela nyumbani mkajaza ndoo. Watu wa dini mbalimbali nao wana haki ya kuuliza mifupa ilitoka kwa mnyama gani, na mtengenezaji sharti awe na jibu.

Swali la mwisho nililoletewa na darasa moja: je, mtu aweza kupima nyumbani? Aweza kujua kama maji yana kitu kilichoyeyuka. Tieni tone la maji juu ya kioo safi, liacheni likauke. Likiacha duara jeupe, mna kitu. Tone la maji ya mvua safi huacha alama ndogo sana au haliachi kabisa. Lakini duara hilo halina mdomo. Halitasema kama ni chokaa, chumvi au floraidi. Kwa hilo chukueni maji katika chupa safi ya plastiki, mpeleke kwa ofisi ya maji ya wilaya au ya mkoa mkaombe yapimwe floraidi. Itajeni kwa jina. Mkisema tu “tupimieni maji,” huenda yakapimwa vijidudu peke yake, mkarudi na karatasi isemayo maji yenu ni safi.

Kazi ya juma hili. Kila mmoja alete katika darasa maji kidogo ya mahali anapochota, na kioo kimoja kitumike kwa matone ya wote, kila tone na jina lake. Andikeni katika daftari: mahali, rangi ya maji, alama iliyobaki. Kisha waulizeni wazee wa hapo kijijini kama meno ya watoto waliokulia penye chemchemi fulani ni tofauti na ya wengine, mwandike majibu yao. Daftari hilo lipelekwe pamoja na chupa.

Ile bilauri ya pili msiimwage. Iwekeni dirishani mahali penye jua, bila kifuniko, mpaka somo lijalo. Tutahitaji kile kitakachobaki. Kwa herini.